Gari langu limekamatwa likiwa na mchanga wa mtoni: je, limeshataifishwa?

Swali: Shikamoo wakili. Naishi Igoma, Mwanza, nina watoto watatu. Nina Canter ya tipa niliyoinunua mwaka jana kwa mkopo wa SACCOS, kadi bado ina jina la aliyeniuzia. Dereva huniletea hesabu kila jioni. Siku 19 zilizopita, saa tano usiku, alikamatwa akitoka mtoni na tripu ya mchanga. Alikuwa na risiti ya ushuru wa halmashauri, nimeiona kwa macho yangu. Waliomkamata walikuwa wanne, mwenye sare ni mmoja tu. Gari lipo kwenye yadi ya ofisi moja ya umma na sijapewa karatasi yoyote. Mara naambiwa limeshataifishwa litapigwa mnada, mara naambiwa nilete milioni moja na nusu mkononi nilichukue. Dereva ameitwa tena Ijumaa akasaini maelezo. Je, wanaweza kunitaifishia gari kwa tripu moja ya mchanga? Na ile risiti haina kazi?

Jibu: Marahaba, dada yangu, na pole sana. Siku 19 bila gari huku marejesho ya SACCOS yanakuja palepale ni mzigo mzito, kwa hiyo nianze na lile linalokunyima usingizi. Kwa maelezo uliyonipa, gari lako halijataifishwa. Limekamatwa na linashikiliwa. Kutaifishwa ni jambo jingine kabisa, na mtu aliyesimama getini pa yadi hana uwezo wa kulifanya kwa mdomo wake.

Kwenye vijiwe vya tipa maneno haya matatu yanatumika kama neno moja, na hapo ndipo watu wanapoibiwa. Kukamata ni tendo la barabarani: ofisa mwenye mamlaka anasimamisha gari kwa sababu anaona kosa. Kushikilia ni kuliweka mahali salama kama kielelezo, au hadi deni halali lilipwe. Muda wote huo mwenye gari ni wewe, na anayelishikilia anawajibika kwako hata betri ikipotea. Kutaifisha ni kukuvua umiliki ukaenda serikalini moja kwa moja. Ibara ya 24 ya Katiba inalinda mali ya kila mtu isichukuliwe bila idhini ya sheria, na Ibara ya 13(6)(a) inataka mtu asikilizwe kikamilifu kabla haki zake hazijaamuliwa. Kwa kawaida, basi, gari linataifishwa kwa amri ya mahakama, baada ya mtu kushtakiwa na kutiwa hatiani. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inaipa mahakama uwezo wa kutaifisha mali iliyotumika kutenda kosa. Mahakama inaweza kufanya hivyo ikiona inafaa, na inaweza isifanye.

Ipo njia ya pili, na ndiyo inayonitia wasiwasi kuhusu ile Ijumaa. Sheria kadhaa, ya mazingira ikiwemo, zinaruhusu kosa kufifilishwa. Maana yake mhusika anakiri kwa maandishi, analipa kiasi anachotajiwa, na kesi haiendi mahakamani. Ni njia halali na mara nyingine ni nafuu kuliko kesi. Lakini kukiri ni kukiri. Karatasi ya namna hiyo inaweza kubeba pia maneno ya kuachia vitu vilivyokamatwa, na dereva mwenye hofu, aliyekaa kwenye benchi tangu asubuhi bila chai, atasaini chochote ili arudi nyumbani. Mpigie leo. Muulize alisaini nini, kurasa ngapi, alisomewa au hakusomewa, na kama neno "nakiri" lilikuwemo. Akiitwa tena asiende peke yake. Ana haki ya kuwa na wakili au ndugu anapohojiwa na polisi, na ana haki ya kusoma anachosaini.

Sasa, nani hasa alilikamata gari? Hujui, na sikulaumu, maana usiku ule walikuwa wanne na mwenye sare mmoja. Lakini kila kitu kinatoka hapo, kwa sababu mchanga wetu hauna sheria moja. Jimbo la Kerala kule India lilitunga mwaka 2001 sheria mahususi ya kulinda kingo za mito na kudhibiti uchotaji wa mchanga, ikiwa na vifungu vyake vya kukamata na kutaifisha magari. Jirani zetu wa Kaunti ya Makueni, Kenya, walitunga ya kwao mwaka 2015. Nakutajia hizo kwa sababu kwenye makundi ya WhatsApp ya wenye tipa zinazunguka habari kwamba gari likikutwa na mchanga wa mto linataifishwa palepale. Ukiona habari hiyo, uliza kwanza ni ya nchi gani. Huku kwetu tripu yako moja inapita chini ya macho ya sheria nne au tano, kila moja na ofisi yake.

Ya kwanza ni Sheria ya Madini, Sura ya 123. Watu wengi hushtuka nikiwaambia mchanga ni madini, lakini ndivyo ulivyo: ni madini ya ujenzi, pamoja na mawe na kokoto. Kuchimba bila leseni ni kosa. Leseni inayowafaa watu wa kawaida ni leseni ndogo ya uchimbaji, hupewa Watanzania tu, na hutolewa na Tume ya Madini kupitia ofisi ya Afisa Madini Mkazi. Mwenye leseni hulipa mrabaha, yaani malipo ya serikali kwa madini yanayochimbwa, wa asilimia 3 ya thamani ya mchanga, na ada ya ukaguzi ya asilimia 1. Tuseme tripu ya Canter inathaminiwa shilingi 60,000 pale machimboni: mrabaha ni shilingi 1,800, ada ni shilingi 600, jumla 2,400. Nimekupigia hesabu hiyo kwa makusudi. Gari la mamilioni limelala yadini siku 19 kwa kukosa stakabadhi ya malipo yasiyofika bei ya sahani ya wali na sato.

Hapa kuna kosa ambalo nimelisikia kwa wateja wengi wa Magu, Misungwi na Kwimba. Dereva anakwenda kwa mzee mwenye shamba linalopakana na mto, anamlipa, wapakiaji wanajaza gari, kila mtu anaona biashara imefanyika kwa haki. Lakini yule mzee ana haki juu ya ardhi ya kulima. Madini yaliyomo humo ni mali ya umma, yako chini ya Rais kama mdhamini wa wananchi. Mzee amekuuzia kisicho chake, ingawa hana nia mbaya na pengine hajawahi kuambiwa na mtu yeyote.

Ya pili ni Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, inayosimamiwa na NEMC, baraza la taifa la mazingira. Hii ndiyo yenye zile mita 60 unazozisikia kila siku. Ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, ziwa, bwawa au bahari, shughuli za kibinadamu za kudumu, au zinazoweza kuharibu hifadhi ya eneo hilo, zimekatazwa. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 nayo inalinda vyanzo vya maji, na kwa upande wetu msimamizi wake ni Bodi ya Maji Bonde la Ziwa Victoria, ambayo makao yake yako hapahapa Mwanza. Kwa hiyo hata mwenye leseni ya madini hawezi kuchimba popote anapotaka. Anatakiwa kuwa na mpango wa kutunza mazingira, na eneo lake liwe lile lililochorwa kwenye leseni.

Halafu zipo sheria ndogo za halmashauri, na hapa ndipo risiti yako inapoingia. Umeniuliza kama haina kazi. Ina kazi, lakini moja tu: inathibitisha kwamba ushuru wa halmashauri umelipwa kwa tripu ile. Haisemi mchanga ulichimbwa kihalali. Haisemi mrabaha umelipwa. Haisemi mto ule uliruhusiwa kuguswa. Najua inauma, kwa sababu mtu anayechukua ushuru wako kwenye kizuizi na kukukatia risiti ya mashine anakufanya uamini kwamba serikali imeridhia mzigo wako. Mimi naona huo ni udhaifu wa kweli katika mfumo wetu, na siachi kuusema: ofisi ya umma haipaswi kupokea fedha ya mzigo asubuhi, na nyingine kuukamata mzigo huohuo jioni, bila mtu yeyote kumweleza mwananchi tofauti. Lakini udhaifu huo hauondoi kosa. Unachoweza kufanya ni kuutumia kwa ukweli kabisa kuonyesha nia njema: mtu anayesomba kwa wizi hasimami kizuizini kulipa ushuru. Itunze risiti hiyo, toa nakala tatu, na usimkabidhi mtu ile halisi.

Sheria ndogo, zaidi ya hayo, haiwezi kupanda juu ya sheria mama. Ni lazima iwe imeidhinishwa na waziri mwenye dhamana ya serikali za mitaa na kutangazwa kwenye Gazeti la Serikali, na adhabu zake zisizidi zile zilizowekwa na Bunge. Kikao cha halmashauri au cha kijiji hakiwezi kuamua chenyewe kwamba gari litakaloonekana mtoni litapigwa mnada. Ukiambiwa "ni sheria ndogo yetu", omba namba ya tangazo la serikali. Afisa anayejua kazi yake atakupa bila kununa.

Mizani za barabarani nazitaja kwa haraka tu. Udhibiti wa uzito ni sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2016, inahusu magari ya kuanzia tani 3.5, na gari huzuiwa hadi mzigo uliozidi upunguzwe na tozo ilipwe. Haina uhusiano na mto. Ila kumbuka mchanga mbichi mita moja ya ujazo hukaribia tani 2, na Canter nyingi hujazwa hadi bodi inalalamika.

Utaona sikurundikii namba za vifungu. Toleo la Urekebu la Sheria la mwaka 2023, yaani sheria zilizochapishwa upya pamoja na marekebisho yake, lililoanza kutumika Julai 2025, limebadili namba za vifungu vingi, na mtu akikutajia kifungu kwa kujiamini sana muulize anasoma toleo gani.

Sasa niseme lile ambalo hukuniuliza. Mimi nimekulia karibu na Mto Simiyu, kabla haujaingia Ghuba ya Speke. Kiangazi mto ule hubaki mchanga mtupu na madimbwi machache, na mama zetu walichimba visima vifupi humo mchangani, wakasubiri maji yajichuje, wakateka kwa kibuyu. Mchanga ndio uliokuwa tangi letu la maji. Ukiusomba, tangi linatoboka: kina cha mto kinashuka, maji ya chini yanashuka nayo, na visima vya pembeni vinakauka. Kingo zilizobaki bila kitu cha kuziegemea hubomoka masika ya kwanza, miti na mashamba yanaingia mtoni, na tope linaishia ziwani. Nguzo za madaraja huachwa wazi miguuni. Ningu, samaki ambaye watoto wa siku hizi wanamsikia tu kwa babu zao, hupanda mito wakati wa mvua kwenda kutaga. Akikuta maji ya tope na mashimo, hana pa kupita. Jiji letu limekaa juu ya mawe, kokoto tunazo za kutosha, lakini mchanga wa kupiga lipu tunaufuata mtoni, na ujenzi hausimami Kisesa, Buswelu wala Usagara. Nakuambia haya si kukusuta. Nakuambia kwa sababu hakimu atakayeombwa alirudishe gari lako pengine naye amekulia kijiji cha namna hiyo, na anajua hasara ninayoisema. Usiende mbele yake na hoja kwamba ni "tripu moja tu".

Nenda na hoja ya mwenye gari asiye na kosa. Ndiyo ngome yako, lakini ina masharti. Dereva akitenda kosa, umiliki wako hauyeyuki palepale. Mahakama, kabla ya kutaifisha, inatakiwa kumsikiliza mwenye mali, na itataka kujua mambo matatu: ulijua? uliruhusu? ulichukua tahadhari gani? Hapa lazima niwe mkali kidogo, nisamehe. Umesema dereva anakuletea hesabu kila jioni. Ulimuuliza mchanga unatoka wapi? Mlikuwa na mkataba wa maandishi unaomkataza kupakia mahali pasipo na leseni? Kuna ujumbe kwenye simu ambao ulimwambia "nenda popote ilimradi hesabu itimie"? Kama upo, simu itazungumza. Usidanganye kwenye kiapo, maana mwenye gari aliyekamatwa na uongo hupoteza hata haki aliyokuwa nayo. Kama ulijua, mweleze wakili wako faraghani, naye atatafuta njia nyingine, ikiwemo kufifilisha kosa kwa utaratibu halali.

Kadi nayo ina kazi yake hapa. Gari ambalo kadi ina jina la mtu mwingine linakufanya uonekane mpita njia mbele ya ofisi na mbele ya mahakama. Mali bila daftari hupotea bila habari. Mtafute aliyekuuzia wiki hii. Chukua mkataba wa mauziano, na kama haukulipiwa ushuru wa stempu, ulipie, kwa sababu bila stempu mkataba unaweza kukataliwa kama ushahidi kwenye shauri la madai. Kisha anzeni kubadilisha umiliki TRA. Ikishindikana kwa sasa kwa sababu gari limeshikiliwa, apate kiapo kwa wakili kwamba alikuuzia tarehe fulani na kulipwa yote. Usiache pia kuwaambia SACCOS. Najua unaona aibu, lakini kama gari ndilo dhamana ya mkopo, wao nao wana maslahi ndani yake, na barua ya taasisi ya kifedha ikiingia kwenye faili mambo huanza kwenda kwa adabu.

Sasa barua. Usiende tena yadini kubembeleza. Andika kwa mkuu wa ofisi ile, nakala kwa mkuu wa kituo cha polisi kilicho karibu na kwa ofisi ya mashtaka ya wilaya. Iwe fupi, bila matusi na bila kulia. Ukipenda tumia maneno haya: "Mimi ni mmiliki wa gari lenye namba zifuatazo, lililokamatwa tarehe fulani saa tano usiku, na hadi leo linashikiliwa kwenye yadi ya ofisi yako. Sijapewa hati ya ukamataji. Naomba kwa maandishi nijulishwe: jina na cheo cha ofisa aliyekamata, sheria na kifungu kinachotumika, kosa linalodaiwa na ni nani anayetuhumiwa, kama jalada limefunguliwa, namba yake, na kama kuna deni au faini halali, nipewe kumbukumbu namba ya malipo. Sijakubali kuachia umiliki wa gari hili na sijamruhusu mtu yeyote kukiri au kusaini kwa niaba yangu." Peleka nakala mbili, moja wagonge muhuri wa kupokea. Wakikataa kugonga, itume kwa rejesta ya posta na utunze karatasi ya posta.

Mstari ule wa hati ya ukamataji si mapambo. Polisi anapopekua na kuchukua kitu anatakiwa kutoa stakabadhi ya alichochukua, ikiwa na saini ya mwenye kitu au aliyekuwa nacho na ya mashahidi. Bila karatasi hiyo, wao ndio wenye kazi ya kueleza gari liliingiaje yadini, likiwa na matairi gani, mafuta kiasi gani na mchanga kiasi gani. Na mstari wa mwisho unazuia mtu kuja kudai baadaye kwamba dereva aliachia gari kwa niaba yako.

Kuhusu milioni moja na nusu ya mkononi: usitoe. Malipo halali ya serikali siku hizi yana kumbukumbu namba, yanaingia benki au kwenye simu, na yanatoa risiti. Anayetaka fedha mkononi getini anataka rushwa. Na sheria ya kuzuia rushwa ya mwaka 2007 inamshika anayetoa pamoja na anayepokea, kwa hiyo ukitoa unamtengenezea mtu yule silaha ya kukufunga mdomo. Ukidaiwa tena, piga 113, namba ya bure ya TAKUKURU, kabla hujatoa hata senti. Watakueleza cha kufanya.

Kutoka hapo mambo yanaweza kwenda njia mbili. Ya kwanza, watamshtaki dereva. Hilo likitokea usiogope, kwa namna moja ni afadhali, kwa kuwa gari linatoka mikononi mwa watu wa yadi na kuwa chini ya mahakama. Siku ileile wakili wako aombe mahakama ikuachie gari kwa dhamana ya maandishi, kwa ahadi ya kutoliuza wala kulibadilisha na kulileta litakapohitajika, likishapigwa picha na kuandikiwa maelezo yake. Hoja ni rahisi: gari linaoza juani, mkopo unadaiwa, ushahidi hautapotea kwa kuwa picha zipo. Mahakama inaweza kukubali au kukataa, lakini imesikia sauti yako mapema, na jina lako limo kwenye kumbukumbu kabla ya siku ya hukumu. Wenye magari wengi huja kujitokeza baada ya amri ya kutaifisha kutoka. Wakati huo inabidi kukata rufaa, na rufaa ni ndefu.

Njia ya pili ni kimya: hakuna kesi, hakuna jibu la barua, gari linaendelea kukaa. Wape siku 14. Baada ya hapo unaweza kwenda Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, yenye ofisi Mwanza, au kuomba Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa kulishikilia gari na kuiamuru ofisi itimize wajibu wake. Kibali cha maombi hayo kinaombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaoulalamikia, kwa hiyo weka tarehe ya kukamatwa mahali utakapoiona kila siku. Ukitaka fidia ya hasara, hiyo ni kesi ya madai dhidi ya serikali: unatoa notisi ya siku 90 kwanza, Mwanasheria Mkuu wa Serikali anaunganishwa, na shauri linafunguliwa Mahakama Kuu. Tangu marekebisho ya mwaka 2020 utaratibu huo unahusu halmashauri pia. Niseme wazi kwamba njia hii ni ya polepole, na kwa Canter moja naiweka mwisho. Kama huna uwezo wa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 ilitungwa kwa ajili ya watu wa hali yako. Uliza ofisi ya ustawi wa jamii ya wilaya ikuelekeze kwa mtoa msaada aliyesajiliwa, na usikubali kutozwa.

Mchanga wenyewe usahau. Hata gari likirudi, mchanga uliochimbwa bila leseni hauna mtetezi.

Gari likirudi barabarani, mwandikie dereva mkataba wa ukurasa mmoja: atapakia machimbo yenye leseni tu, atakupigia picha ya leseni na ya stakabadhi ya mrabaha kabla ya kuwasha gari, na hatasomba usiku. Utapoteza tripu kadhaa kwa wiki, najua, na wenzako watakucheka kijiweni. Fundi anayetaka mchanga wa bei ya chini mwelekeze kwenye mchanga wa kusaga kutoka mashine za kokoto. Kwa matofali unafaa, na mawe ya kusaga Mwanza hayatatuishia.

Siku ya kukabidhiwa gari, nenda na fundi wako na simu yenye chaji. Kabla ya kusaini, piga picha matairi yote pamoja na la akiba, betri, jeki, taa, usukani na namba za injini na chasisi, kisha usome dashibodi limetembea kilomita ngapi. Kama namba imeongezeka tangu usiku ule, iandike kwenye fomu ya makabidhiano kwa mkono wako, mbele yao, halafu ndipo usaini.